Kila Mfuko wa Kumi

Asubuhi ya Jumatano Inspekta aliingia maabara akiwa na siku mbili na nusu mkononi, na mbegu ndogo kuliko chembe ya chumvi ikimsumbua kichwa. Ijumaa saa nane mchana kamati ingekaa. Kabla ya hapo alitakiwa aandike, kwa mkono wake na kwa sahihi yake, kama mtafiti wa lile pango la kilimani ni tapeli au si tapeli.

Askari wenzake walimwita Mara Ngapi. Katika miaka ishirini na sita ya kazi hakuwahi kumhoji mtu bila kumtupia swali hilo: ulipita pale mara ngapi, uligonga mara ngapi, ulimwona mara ngapi. Wezi walilichukia. Mke wake naye hakulipenda, ila yeye alikuwa na haki ya kulijibu kwa kununa.

Mtafiti alikuwa ameketi mezani akimsubiri, mikono mapajani. Alikuwa mwanamke wa makamo, miwani imening'inia kwa uzi shingoni. Kazini walimwita Mama Majivu, kwa kuwa miaka minane mizima kazi yake ilikuwa kuchokora majivu ya meko za kale na kutafuta humo walichokula watu waliokwisha kufa zamani. Wiki ya tatu sasa alikuwa amesimamishwa, na hakuruhusiwa kuingia maabara bila askari.

"Nieleze kama unavyomweleza mtu aliyefeli sayansi," Inspekta alisema. "Maana ndiye uliyenaye."

Mama Majivu alitabasamu kidogo. "Pangoni kuna matabaka ya majivu, moja juu ya jingine. Tulichimba mifuko mia na ishirini ya udongo. Udongo unaumwaga kwenye pipa la maji. Mchanga unazama, mkaa na mbegu zilizoungua vinaelea. Unavikinga kwa kitambaa chenye matundu madogo, unavianika kivulini. Halafu mimi navichambua kwa hadubini, punje moja moja."

"Na hizo mbegu hazikuoza miaka yote hiyo?"

"Ikishaungua haiozi. Moto uliowapikia ndio uliotutunzia habari zao. Tukapata mtama, uwele, kunde. Tukapata mifupa ya mbuzi, mingi ya majike waliozeeka."

"Waliozeeka ndiyo nini?"

"Mtu akifuga kwa ajili ya nyama tu, hamwachi mbuzi azeeke. Akimwacha, anataka maziwa yake. Wale hawakuwa wapita njia, Inspekta. Walikaa pale miaka elfu moja na mia mbili iliyopita. Walilima, walifuga, walilea watoto."

Hapo ndipo penye shida. Kampuni ya kokoto ilikuwa na kibali cha kulipua kile kilima, kwa sharti kwamba hakuna mabaki ya kale juu yake. Ripoti ya Mama Majivu ilikuwa imewazuia. Kampuni ikaleta mtaalamu wake, akaomba kuvipitia vichupa vya mbegu, na siku ya pili akainua kichwa kutoka kwenye hadubini akacheka. Alikuwa ameona tumbaku. Tumbaku ilivuka bahari kuja upande huu karne chache tu zilizopita, basi imefikaje kwenye majivu ya miaka elfu? Kampuni ikaandika barua: majivu haya yametolewa uani kwa mtu, yakaenda kumwagwa pangoni, na mwenye kumwaga tunamjua.

"Hiyo tumbaku wewe uliiona?"

"Niliona mbegu nisiyoijua. Niliiandika daftarini: aina ya nne, haijatambuliwa. Nikazihesabu zote."

"Ngapi?"

"Mia tano thelathini na moja."

Inspekta aliandika idadi hiyo na kuipigia mstari. Mwizi kwa kawaida hakuachii orodha ya alichoiba, ingawa aliwahi kukutana na mmoja aliyefanya hivyo kwa kujivuna.

Mlango ulifunguliwa, akaingia mkuu wa idara, mtu wa tai nyembamba na sauti ya kuomba radhi. Alikwenda moja kwa moja kwenye kabati la kona, lenye mbegu za mimea ya siku hizi zinazotumika kulinganishia. Kila kichupa kilikuwa na tundu lake na lebo yake. Tundu la tumbaku lilikuwa tupu.

"Nimeona ni wajibu wangu kukuonyesha," alisema bila kumtazama Mama Majivu. "Funguo za kabati hili ni mbili tu. Mmoja alikuwa nao yeye, mwingine alikuwa nao Fundi Ungo aliyestaafu miezi minane iliyopita. Jumlisha mwenyewe."

Alipotoka, Mama Majivu alisema polepole, "Ndiyo maana sikuitambua. Sikuwa na ya kulinganishia."

"Au uliificha usiitambue," Inspekta alisema. Hakupenda kusema hivyo, ila kazi ni kazi.

Uani, chini ya paa la mabati, kulikuwa na mapipa mawili ya bluu na wanawake wawili ambao vicheko vyao vilimfikia kabla hajafungua mlango. Mmoja aliolewa na kaka wa mwenzake, na hapo kazini hawakuwa na majina mengine ila Wifi Mkubwa na Wifi Mdogo. Wao ndio walioosha mifuko yote mia na ishirini. Inspekta hajamaliza hata kusalimia, Wifi Mkubwa alifungua kikopo, akachota kidogo kwa ncha ya kidole, akavuta puani na kupiga chafya ya haja.

Inspekta alikinyooshea kikopo kidole. "Hicho nini, mama?"

"Ugoro."

"Ugoro ni tumbaku."

"Na wewe ni polisi. Sasa?"

"Unanusa ukiwa kwenye pipa? Mara ngapi kwa siku?"

Wifi Mdogo alicheka mpaka akaketi juu ya ndoo. "Muulize mara ngapi hanusi!"

"Baba," Wifi Mkubwa alisema, na sasa sauti yake ilikuwa na mwiba, "ugoro ni jani lililosagwa. Mbegu niinuse ya nini, iniotee puani? Halafu nasikia hizo zenu zimeungua. Mimi nanusa moto?" Alimsogezea kikopo mpaka chini ya kidevu. "Kagua."

Inspekta aliazima lenzi, akakagua. Ulikuwa unga mtupu. Aliomba radhi kwa unyenyekevu wote aliokuwa nao. Kuuliza si ujinga, lakini kuna siku hufanana nao sana.

"Mifuko ilikuwa inaletwa na nani?" alijaribu tena.

"Fundi Ungo, peke yake," Wifi Mdogo alisema. "Yeye ndiye aliyeiandika namba, yeye ndiye aliyemwaga udongo pipani. Hata Mama Majivu hakuruhusiwa kugusa mpaka tuwe tumeosha. Mkali yule! Kutwa na lenzi jichoni, anakagua vitambaa vyetu."

"Na maneno yake," mwenzake alidakia. Alikuwa ameshasamehe. "Tunaosha, tunaanika, anakuja anainama saa nzima. Halafu anasema: 'Leo mmepoteza tisa.' Siku nyingine: 'Leo tatu tu, Mungu awazidishie.' Tulidhani ana jini."

Kalamu ya Inspekta ilisimama. "Tisa nini?"

"Nani angethubutu kumuuliza?"

"Alisema hivyo kila siku?"

"La. Zikipita siku kadhaa hivi."

Inspekta alirudi ndani akitembea taratibu. Kila mtu anaweza kuhesabu alichokipata. Lakini ukitaka kusema vimepotea vingapi, sharti uwe unajua viliingia vingapi. Mchungaji anayesema jioni kwamba mbuzi watatu hawapo ni yule aliyewahesabu asubuhi.

"Daftari lako umelipanga vipi?" alimuuliza Mama Majivu.

"Kwa matabaka. La juu kwanza, la chini mwisho."

"Na namba za mifuko?"

"Hizo ni za Fundi. Alizitoa kadiri mifuko ilivyoingia kuoshwa. Mimi sizitumii, hazina maana kwa kazi yangu."

"Leo tuzitumie. Wewe soma, mimi niandike."

Walikaa saa mbili. Yeye alifunua kurasa mbele na nyuma akitafuta namba, Inspekta akaandika kwenye karatasi ndefu. Mfuko wa kwanza hadi wa tisa, hakuna tumbaku. Wa kumi, arobaini na moja. Wa kumi na moja hadi wa kumi na tisa, hakuna. Wa ishirini, arobaini na nne. Wa thelathini, arobaini na saba. Walipofika mfuko wa sitini Mama Majivu aliinuka kuitazama ile karatasi. Kwenye daftari lake tumbaku ilikuwa imetawanyika huku na huko kwenye matabaka yote. Kwenye karatasi ya Inspekta ilikuwa imejipanga mstari.

"Kila mfuko wa kumi," Mama Majivu alisema. "Na hakuna hata mmoja uliovuka hamsini."

"Isipokuwa huu hapa, unaniharibia hesabu." Inspekta alizungushia duara mfuko wa sabini na moja. Ulikuwa na mbegu tatu. "Kisichoingia kwenye maelezo ndicho kitakachoulizwa na wakili. Fundi Ungo alikuwa na kinyongo nawe?"

Mama Majivu alifunga daftari. "Yeye ndiye aliyenifundisha kushika chekeche. Lakini mwezi wake wa mwisho hatukusemeshana. Alisema nina pupa ya kuchapisha. 'Haraka ya nini,' aliniambia, 'na hawa watu wameshasubiri miaka elfu?' Nikamjibu vibaya." Alivaa miwani, akaivua. "Hawezi kunifanyia hivi. Inspekta, hawezi."

Inspekta alikunja karatasi yake ndefu. Alishawasikia wengi wakisema hivyo, na baadhi yao walikuwa wamekosea.

Fundi Ungo aliishi kwa binti yake, mshonaji. Alhamisi asubuhi Inspekta alimkuta ameketi karibu na cherehani, jicho moja limefungwa bandeji baada ya kutolewa mtoto wa jicho. Mbele yake palikuwa na sinia la vifungo, naye alikuwa akivipanga kwa ukubwa kwa kuvipapasa.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Hatua zako si za mteja. Sema."

Inspekta aliamua kutozunguka mbuyu. "Mzee, uliweka tumbaku kwenye mifuko ya Mama Majivu?"

"Niliweka."

"Mara ngapi?"

"Mara kumi na mbili. Mbegu hamsini kila mara." Mzee aliinua uso. "Zimerudi ngapi?"

Inspekta alikuwa ameshasikia watu wakikiri kwa kulia, kwa kutukana, na mmoja kwa wimbo. Huyu alikuwa wa kwanza kukiri na papo hapo kudai matokeo. Akampa: mia tano thelathini na moja.

"Kati ya mia sita! Wale mawifi wanaosha, bwana. Niliwagombeza bure." Alipiga goti lake kwa furaha. "Ni kipimo, mwanangu. Mwalimu wangu alinirithisha. Unajuaje kama pipa lako halipotezi nusu ya mali? Unatia mbegu unazozijua idadi, umezichoma mwenyewe, halafu unaangalia zinarudi ngapi. Mawifi wakiosha nazihesabu kwa lenzi kitambaani, kisha naziacha pale pale, nione na macho ya mchambuzi kama yako kazini."

"Kwa nini tumbaku?"

"Kwa sababu haiwezi kuwemo! Ukitia mtama wako kwenye mtama wao, utautoaje? Unachagua kitu ambacho mtu yeyote akikiona atasema hiki si cha mle."

"Amekiona na amesema hivyo hivyo," Inspekta alisema. "Mtaalamu wa kampuni. Anasema Mama Majivu ameghushi pango zima. Kesho kamati inamfukuza, na wiki ijayo baruti zinaingia kilimani."

Mkono wa mzee uligonga sinia, vifungo vikamwagika sakafuni. Binti yake alisimamisha cherehani.

"Ameghushi? Yule?" Mzee alimgeukia Inspekta. "Yule aliyelia siku alipodondosha kichupa kimoja cha uwele? Mbona hamkufungua bahasha yangu?"

"Bahasha gani? Na kwa nini hukumwambia mwenyewe?"

"Mficha uchi hazai," binti yake alisema kwa chini.

"Nyamaza, wewe. Mwoshaji akijua anapimwa, siku hiyo ataosha kwa adabu. Mchambuzi akijua, ataziona hata zisipokuwepo. Kipimo ni siri mpaka hesabu ifungwe. Siku niliyostaafu niliandika kila kitu, nikafunga kwa lakiri, nikapeleka masjala, wakagonga muhuri mbele yangu. Juu nikaandika: Mkuu wa Idara, ifunguliwe uchambuzi ukiisha."

Inspekta aliandika: masjala, muhuri. Neno la mzee anayempenda mshtakiwa, wakili angelila kwa dakika tano. Lakini muhuri wenye umri wa miezi minane, ilhali barua ya kampuni ina wiki tatu tu, huo hauliki.

"Na mfuko wa sabini na moja?"

"Sikutia kitu sabini na moja."

"Una mbegu tatu."

Mzee alikunja uso, akafikiri, kisha akanyanyua kidole. "Pampu! Itakuwa ni ile pampu ya maji ya mapipa. Angalia barua zangu kwa Mkuu."

"Zipi?"

"Za kulalamikia pampu, kumi na nne," binti alisema akiokota vifungo. "Nyumba nzima tunazijua kwa moyo."

Ijumaa saa mbili na nusu asubuhi mkuu wa idara alikuwa hajavua hata koti. Inspekta alimtaka amwite karani wa masjala awe shahidi, kisha akauliza habari za bahasha. Mkuu alivuta droo ya chini na kutoa faili lililoandikwa PAMPU. Ndani mlikuwa na barua kumi na nne, na ni tatu za mwanzo tu zilizokuwa zimefunguliwa. Mwisho kabisa palikuwa na bahasha nene, lakiri yake nzima.

"Nilidhani ni ya kumi na tano," alisema, na safari hii sauti ya kuomba radhi ilikuwa na sababu.

Karani aliukagua muhuri, akausoma kwa sauti, siku na mwezi. Inspekta alikata bahasha kwa wembe bila kuigusa lakiri. Ilitoka karatasi moja yenye namba kumi na mbili, kuanzia mfuko wa kumi hadi wa mia na ishirini, na mbele ya kila namba: mbegu hamsini za tumbaku, zimechomwa. Chini yake kilidondoka kichupa chenye lebo ya kabati, kikiwa bado na mbegu hadi robo. Mkuu alisoma lebo yake mara mbili.

"Bado," Inspekta alisema. Alifungua barua za pampu moja baada ya nyingine. Ya kumi na moja ilikuwa na mistari mitatu tu: Leo pampu imekufa tena. Mifuko miwili imeoshwa kwa maji yale yale. Likitokea la kutokea, nilishasema. Alilinganisha tarehe na daftari la kuoshea. Mifuko iliyooshwa siku ile ilikuwa wa sabini na wa sabini na moja. Mbegu tatu zilikuwa zimebaki pipani kutoka huo wa sabini, zikapanda na uliofuata.

Aliandika ripoti yake hapo hapo, kwenye meza ya mkuu, ukurasa mmoja na robo. Mkuu na karani walitia sahihi. Kisha mkuu akaomba karatasi nyingine aandike maelezo yake mwenyewe ya kwa nini hakufungua, na Inspekta alimheshimu kwa hilo.

Mama Majivu alikuwa kwenye benchi nje ya ukumbi wa kamati tangu saa tano. Inspekta alimkabidhi nakala, akaketi kando yake. Mama Majivu alisoma mpaka mwisho, akarudia, halafu akalia waziwazi, bila kujificha, mabega yakimtikisika, na Inspekta ambaye hakuwa na leso alimpa bahasha tupu ya kaki.

"Nilidhani ananichukia," alisema alipoweza.

"Amesema niulize kama kesho utafika. Ana maneno yake ya kukuambia kuhusu pupa."

Alicheka katikati ya machozi. Kisha alianza kutembeza kidole juu ya zile namba, midomo ikichezacheza. Alimwomba Inspekta kalamu. Alipoitwa ndani saa nane kamili, bado alikuwa anaandika pembeni mwa karatasi.

Ukumbini walikuwa watu watano wa kamati, wakili wa kampuni na mtaalamu wake. Mwenyekiti, bibi mwenye mvi fupi, alikuwa ameshaisoma ripoti ya Inspekta. Aliisoma tena kwa sauti, neno kwa neno, pamoja na tarehe ya muhuri. Mtaalamu wa kampuni alitazama viatu vyake. Wakili alisema kwamba hata hivyo angependa kusikia kutoka kwa mtafiti mwenyewe kama anakisimamia kila alichokiandika.

"Mtafiti," mwenyekiti alisema. "Unakisimamia?"

Mama Majivu aliinuka. "Hapana. Kuna kosa kwenye ripoti yangu."

Wakili alitabasamu na kunyanyua kalamu yake. Inspekta, nyuma kabisa karibu na mlango, alishika kiti cha mbele yake kwa mikono miwili.

"Kati ya mbegu mia sita za kipimo, sitini na tisa zimetupotea kwenye kuosha," Mama Majivu alisema. "Zaidi kidogo ya moja katika kila kumi. Kama tumbaku imepotea hivyo, na mtama umepotea. Nimewapunja wale watu. Niliandika kwamba walikuwa na mtama wa kutosha. Walikuwa na zaidi."

Mwenyekiti alivuta ripoti ya pango karibu yake, akaifungua kwenye ukurasa wa mtama, akachukua kalamu.

"Zaidi kiasi gani?" aliuliza. "Sema taratibu, ninaandika."